Uganda walifikaje Kombe la Uber, na sisi tupitie wapi?

Swali: Mwaka 2024 niliona timu ya badmintoni ya wanawake ya Uganda ikicheza Kombe la Uber huko Chengdu, China. Walipangwa kundi moja na Japani, Indonesia na Hong Kong, wakafungwa mapambano yote matatu, lakini walikuwepo. Upande wa wanaume nikaitafuta Ufaransa kwenye Kombe la Thomas, nikaikosa. Naomba unieleze timu ya taifa ya badmintoni inafuzuje mashindano haya. Wanaangalia viwango vya dunia, au kuna mechi za mchujo kama za AFCON? Na Tanzania ikitaka kufika huko, ipitie wapi? (Msomaji, Morogoro)

Jibu:

Ahsante kwa swali, ndugu yangu. Nimefurahi kuulizwa, kwa sababu habari nyingi za Chengdu huku kwetu ziliishia kwenye matokeo, Uganda kafungwa, basi, na tiketi yenyewe ilivyopatikana haikuzungumzwa. Wanaofundisha na kusimamia mpira wa vinyoya katika nchi zetu wanapaswa kuijua njia hiyo kama wanavyojua kushika raketi.

Kwa kifupi, njia zote mbili ulizozitaja zipo. Kuna mchujo wa bara na kuna orodha ya viwango vya ubora duniani, na kila moja ina nafasi zake. Uganda walipita mlango wa bara. Kama Shirikisho la Badmintoni Duniani, BWF, lingekuwa linachukua timu kwa viwango peke yake, hakuna nchi ya Afrika ambayo ingeonekana Chengdu.

Tuanze na mashindano yenyewe. Kombe la Thomas ni la timu za wanaume na Kombe la Uber ni la timu za wanawake. Tangu 1984 yanachezwa pamoja, mji mmoja, kila baada ya miaka miwili, na tangu 2014 fainali zinachukua timu 16 kila upande. Timu hizo hugawanywa makundi manne ya timu nne nne, mbili za juu katika kila kundi huenda robo fainali. Nchi mbili zikikutana, pambano lao lina mechi tano: tatu za mmoja mmoja na mbili za wawili wawili. Anayeshinda mechi tatu ameshinda pambano, ingawa kwenye makundi zote tano huchezwa hata kama mshindi ameshajulikana, maana zinaweza kuhitajika kuamua nani yuko juu ya nani timu zikilingana. Ishike vizuri hesabu hiyo ya tatu na mbili. Nitairudia.

Sasa nafasi 16 zinagawanywaje? Kwa utaratibu uliotumika hadi Chengdu, mwenyeji anaingia moja kwa moja, na bingwa mtetezi vilevile. Kisha kila bara linafanya mashindano yake ya timu, kwa kawaida mwezi Februari, miezi michache kabla ya fainali. Asia hutoa timu nne, yaani zote zilizofika nusu fainali, na Ulaya pia nne. Afrika inatoa moja, Oceania moja, na mabara ya Amerika kwa pamoja moja. Nafasi zinazobaki zinajazwa kwa orodha ya viwango, kuanzia nchi ya juu kabisa ambayo bado haijapata tiketi. Timu moja ikistahili kwa sababu mbili, kwa mfano ni mwenyeji na pia imefika nusu fainali ya bara lake, nafasi ya ziada huangukia kwenye viwango.

Chukua upande wa wanaume mwaka ule ule wa 2024 uone inavyofanya kazi. Mwenyeji alikuwa China. Bingwa mtetezi alikuwa India, aliyewashangaza wengi mjini Bangkok mwaka 2022 kwa kuifunga Indonesia 3-0 kwenye fainali. Mashindano ya Asia yalichezwa Shah Alam, Malaysia, na waliofika nusu fainali ni China, Malaysia, Japani na Korea Kusini. Umeona nani hayupo? Indonesia, nchi yenye vikombe vingi vya Thomas kuliko nyingine yoyote duniani, 14, haikufika nusu fainali ya bara lake. Lakini wachezaji wake walikuwa juu sana kwenye orodha ya dunia, kwa hiyo ikaingia kwa mlango wa viwango, na mwezi Mei ikacheza fainali dhidi ya China na kufungwa 3-1. Nchi iliyotolewa mapema Februari ikawa ya pili duniani Mei. Kwa nchi kubwa, mchujo wa bara ukiharibika kuna godoro la kuangukia.

Godoro hilo sisi hatuna, na inafaa ujue sababu yake, kwa maana watu wengi hudhani ni upendeleo. Ni hesabu. Kiwango cha timu hupatikana kwa kujumlisha pointi za wachezaji watatu bora wa nchi katika mmoja mmoja na jozi mbili bora za wawili wawili. Ni ile tatu na mbili. Timu kama timu haina pointi zake. Inabebwa na pointi ambazo wachezaji wamezikusanya kila mmoja kwa safari zake. Na pointi za mchezaji hutokana na mashindano yake 10 aliyofanya vizuri zaidi ndani ya wiki 52 zilizopita.

Hapo ndipo pesa inapoingia. Mashindano yamepangwa kwa madaraja. Bingwa wa daraja la juu kama All England ya Birmingham hupata pointi 12,000. Bingwa wa daraja la chini kabisa la kimataifa, linaloitwa Future Series, hupata 1,700, na bingwa wa daraja linalofuata juu yake, International Series, hupata 2,500. Sasa sikiliza hili: mchezaji aliyepangwa kwenye droo kuu ya All England, akafungwa mechi yake ya kwanza kabisa na kurudi hotelini, anaondoka na pointi 3,000. Amewapita wote wawili, mabingwa waliocheza wiki nzima na kubeba kombe. Hata binti wa kwetu akishinda Future Series kumi ndani ya mwaka mmoja, jambo gumu mno, atakuwa na 17,000, ambazo hazifikii hata mataji mawili ya daraja la juu. Na kuingia droo ya daraja la juu kunahitaji uwe tayari juu kwenye orodha. Aliye nje anabaki nje kwa muda mrefu.

Zidisha hiyo kwa timu nzima. Kama watatu wa mmoja mmoja ni tofauti na wanne wa wawili wawili, hao ni wachezaji saba. Kila mmoja akihitaji mashindano 10, hesabu safari, viza na vyumba vya hoteli. Hakuna chama cha badmintoni Afrika Mashariki ambacho ningekishauri kianzie hapo. Mashindano ya karibu, kama Uganda International ya Kampala au Kenya International ya Nairobi, tuyatumie kwa faida nyingine, nitaieleza.

Kuna mfano unaoonyesha wazi kwamba milango hii haitegemeani. Februari 2020 mashindano ya Asia yalifanyika Manila, Ufilipino, corona ikiwa ndiyo kwanza imeanza kusambaa. Timu za China hazikucheza kwa sababu ya marufuku ya kusafiri. Kwa nchi ndogo habari ingeishia hapo. Lakini wanaume wa China walikuwa mabingwa watetezi wa Thomas, waliolitwaa Bangkok mwaka 2018, na wanawake wao walikuwa juu kwenye viwango. Fainali zilipochezwa hatimaye Aarhus, Denmark, Oktoba 2021, wote walikuwemo. Wanawake wakabeba Kombe la Uber, wanaume wakafika fainali na kufungwa na Indonesia.

Nisije nikakufanya udhani kwamba mchujo wa bara ni mlango wa wanyonge tu. Mimi nauona kuwa ndio unaopima timu kwa haki zaidi, na Shah Alam ya 2024 inanipa ushahidi. Fainali ya wanawake ilikuwa India na Thailand. India wakaongoza mechi mbili bila, Thailand wakasawazisha, mbili kwa mbili. Mechi ya tano, ya mmoja mmoja, India ilimwingiza Anmol Kharb, binti wa miaka 17 aliyekuwa nafasi ya 472 duniani. Akashinda, India ikawa bingwa wa Asia. Kwenye hesabu ya viwango binti huyo asingesogeza kitu. Kwenye mchujo, pointi moja aliyoipa timu kwa kushinda mechi hiyo ilikuwa na uzito ule ule wa pointi ya P. V. Sindhu, mwenye medali mbili za Olimpiki, aliyeshinda mechi ya kwanza siku hiyo. Hili ndilo ningependa kila kocha wa shule Morogoro alijue.

Ufaransa uliyoikosa ilikuwa na wachezaji wa kutosha kufuzu. Kufuzu na kwenda ni mambo mawili. Timu inaweza kupata tiketi na isiende, na inapojitoa nafasi yake hupewa nyingine iliyo kwenye foleni. Mwaka 2024 hili lilionekana zaidi upande wa wanawake. Ulaya ina nafasi nne, lakini katika timu 16 za Kombe la Uber ya Ulaya ilikuwa moja tu, Denmark. Waliosimama kwenye makundi ni pamoja na Singapore na Mexico. Mwaka mwingine nafasi hizo zingekuwa za Wazungu. Vivyo hivyo mwaka 2021 kule Aarhus: Australia ilikuwa ndiyo mwakilishi wa Oceania, ikajitoa, na Tahiti, kisiwa kidogo katikati ya Pasifiki, ikapeleka timu ya wanaume na ya wanawake. Wanaume wakapangwa na China, India na Uholanzi. Unaweza kusema walienda kufungwa, lakini pasipoti zao zilikuwa tayari, majina yalikuwa yamewasilishwa, na chama chao kilijibu ndiyo kilipoulizwa. Nchi nyingi zetu zingeulizwa wiki hiyo zingeanza kuitisha kikao.

Zamani haikuwa hivi, nigusie kidogo. Kombe la Thomas lilitokana na Sir George Thomas, rais wa kwanza wa shirikisho la dunia lililoanzishwa 1934. Vita vikalichelewesha, hivyo la kwanza likamalizika Preston, England, mwaka 1949, Malaya, nchi ambayo leo ni sehemu ya Malaysia, ikaifunga Denmark 8-1. Pambano lilikuwa na mechi tisa na lilichezwa kila baada ya miaka mitatu. Nchi zilikutana kwa kanda, na kwa miaka mingi bingwa mtetezi alikaa nyumbani akisubiri mmoja tu aliyebaki baada ya wengine wote kutoana. Kombe la Uber, lenye jina la mchezaji wa England Betty Uber, lilianza msimu wa 1956–57 na Marekani ikalichukua mara tatu za mwanzo. Mwaka 2014 ilijaribiwa njia ya kuchukua timu kwa viwango bila michujo ya mabara, na kuanzia 2016 mchujo ukarudi. Kwa maoni yangu ulikuwa uamuzi mzuri sana kwa Afrika.

Sasa tuje nyumbani. Mashindano ya timu ya Afrika yana mzunguko unaoeleweka: mwaka wa namba shufwa ni timu za wanaume na za wanawake, na mshindi ndiye tiketi ya Thomas na Uber, mwaka wa namba witiri ni timu mchanganyiko. Mwaka 2024 yalifanyika Cairo, Februari, na Uganda wakaondoka na nafasi ya Uber. Angalia ni nani aliyeiwakilisha Afrika tangu mchujo urudi hadi 2024. Kwa wanaume, Afrika Kusini mwaka 2016, kisha Algeria mara nne mfululizo: 2018, 2020, 2022 na 2024. Kwa wanawake, Morisi 2016 na 2018, Misri 2020 na 2022, Uganda 2024. Nchi tatu tofauti katika fainali tano. Mlango wa wanaume umeshikwa na mtu mmoja kwa miaka mingi, wa wanawake unazunguka. Kama ningekuwa na bajeti ndogo na ningelazimika kuchagua, ningewekeza kwa mabinti kwanza, tena bila kusitasita.

Tena hapa narudi kwenye ile tatu na mbili. Katika pambano moja, mchezaji anaruhusiwa kucheza mechi moja ya mmoja mmoja na moja ya wawili wawili. Jozi mbili zinahitaji watu wanne tofauti, kwa hiyo timu haiwezi kuwa chini ya wanne. Lakini tazama pointi. Ukiwa na mabinti wawili walio bora kweli, wa kwanza anashinda mechi yake ya mmoja mmoja, wa pili anashinda yake, na wakiunganishwa wanashinda ya wawili wawili. Hizo tayari ni tatu. Wenzao wawili wanahitaji kujaza nafasi kwa heshima na kupigania pointi ya akiba siku ambayo mmoja wa wakubwa ameamka vibaya. Uganda imekuwa na wachezaji wa aina hiyo kwa miaka kadhaa, watu kama Husina Kobugabe na Gladys Mbabazi, wanaocheza peke yao na pia kwa jozi.

Lakini mpango huo unadai mapafu. Mechi mbili kwa pambano moja, mapambano kadhaa ndani ya wiki, na mechi ya pili unaicheza miguu ikiwa mizito, mpinzani wako wa jozi akiwa hajatoka jasho bado. Nawaona makocha wengi wanamwandaa mchezaji kwa mechi moja nzuri. Kwa mashindano ya timu mwandae kwa mechi mbili nzuri jioni moja, kesho yake tena. Mfanyishe mazoezi ya mmoja mmoja kwa saa nzima, mpe nusu saa akae, kisha mrudishe uwanjani na mwenzake wa jozi. Utaona makosa ambayo hukuwahi kuyaona: anachelewa kurudi katikati, mpira wake mfupi wa kuanzisha unagonga wavu, anaacha kuzungumza na mwenzake. Hapo ndipo kazi ilipo.

Na faida ya Kampala na Nairobi niliyokuahidi ni hii. Pambano la timu lina sharti kwamba wachezaji wa mmoja mmoja wapangwe kwa kufuata viwango vyao: wa juu kabisa anacheza namba moja, anayefuata namba mbili, na wa tatu mwisho. Kocha hawezi kumficha mchezaji wake hodari kwenye nafasi ya tatu kama yuko juu kwenye orodha. Vilevile viwango hutazamwa wakati wa kupanga droo, nani atenganishwe na nani. Kwa hiyo mchezaji wetu hahitaji kufika 50 bora ya dunia. Anahitaji kuwa na pointi kiasi cha kutosha timu isipangwe na bingwa wa Afrika mapema. Mashindano machache ya jirani, yanayofikika kwa basi, yanaweza kuleta hilo, na yanamzoesha binti kelele za ukumbi mgeni na waamuzi wa kimataifa.

Upande wa ofisi ni mfupi ila unaua ndoto nyingi. Timu huingizwa na chama cha taifa ambacho ni mwanachama hai wa BWF na wa shirikisho la Afrika. Kuna tarehe ya mwisho ya kuwasilisha timu, na ikipita imepita. Mchezaji binafsi au klabu haiwezi kujipeleka, hata iwe na mfadhili. Kwa hiyo ukitaka kusaidia kutoka huko Morogoro, kabla hujachangisha nauli, waulize viongozi wa chama maswali mawili: kama timu ya wanawake itaandikishwa kwenye mchujo wa Afrika wa mwaka wa shufwa unaofuata, na jozi ya pili ni akina nani. Kwa kawaida mchezaji namba moja wa nchi anajulikana na kila mtu. Jozi ya pili mara nyingi huundwa uwanja wa ndege, na tayari mmeshatoa moja katika pointi tano kabla hamjafika.

Ukisikia pia Kombe la Sudirman, hilo ni la timu mchanganyiko, lilianza Jakarta mwaka 1989 na huchezwa miaka ya witiri. Lina mechi tano pia, lakini kila moja ya aina yake: mwanamume mmoja, mwanamke mmoja, jozi ya wanaume, jozi ya wanawake na jozi mchanganyiko. Tiketi ya Afrika hupatikana kwenye mashindano ya timu mchanganyiko ya bara. Kwa nchi yenye kijana mmoja mzuri na binti mmoja mzuri, na wote wawili wanaelewana uwanjani, hesabu ni ile ile: mechi yake, mechi yake, na yao pamoja. Mabinti wa Morogoro wakichelewa kwa mzunguko wa Uber, mwaka unaofuata kuna mlango huo.